KIVULI CHEUPE: FILAMU YA NOAZ DESHE NA SWALI LA MAHALI TUNAPOSIMAMA

Utangulizi

Si mara nyingi kurasa za namna hii zinahakiki filamu. Wengi wetu tuliomo katika utumishi tumezoea kuiona filamu kuwa ni starehe ya vijana, au kuwa ni chombo cha kuwakusanya watu jioni kabla ya mahubiri. Katika makala haya tunamwomba msomaji atuvumilie, tuitazame filamu kama tunavyotazama riwaya au tamthilia, yaani kwa fani na maudhui yake, tukiuliza inasema nini juu ya mwanadamu na inatuweka wapi mbele za Mungu.

Filamu tunayoizungumzia ni White Shadow, ambayo kwa Kiswahili twaweza kuiita Kivuli Cheupe. Mwongozaji wake ni Noaz Deshe, na hii ndiyo filamu yake ndefu ya kwanza. Ilioneshwa kwa mara ya kwanza mwaka 2013 katika tamasha la Venice, nchini Italia, na huko ikapata tuzo ya Simba wa Baadaye, ambayo hutolewa kwa kazi ya kwanza ya msanii anayechipukia. Mwaka 2014 ilioneshwa katika tamasha la Sundance, nchini Marekani. Hata hivyo ilipigwa picha hapa Tanzania, wahusika wake wanazungumza Kiswahili, na jambo inalolieleza ni letu: mauaji ya watu wenye ualbino.

Kwa msomaji aliye Bariadi jambo hili si habari ya mbali. Mkoa wa Simiyu, uliogawanywa kutoka Shinyanga mwaka 2012, umo katika ukanda wa Ziwa ambako mauaji hayo yalishamiri tangu mwaka 2007 hivi. Mwezi Mei 2014, miezi michache tu baada ya filamu hii kusifiwa ughaibuni, mwanamke mmoja mwenye ualbino aliuawa mkoani Simiyu, na polisi wakatangaza kuwakamata waganga wa jadi wawili. Basi, wakati wageni wakiitazama filamu hii katika kumbi za Ulaya na Amerika, jambo lenyewe lilikuwa likitendeka kwetu.

Kisa kwa ufupi

Alias ni kijana mwenye ualbino. Anashuhudia baba yake akiuawa. Mama yake, akiogopa kwamba zamu ya mtoto itafuata, anampeleka mjini kwa mjomba wake Kosmos, dereva wa lori anayehangaika na biashara ndogondogo ambazo hazimtoshelezi. Kijana anajifunza upesi. Anatembeza miwani ya jua, kanda za sinema na simu za mkononi. Anampenda Antoinette, binti wa Kosmos, na mjomba hapendezwi. Polepole Alias anagundua kwamba mji haukuwa kimbilio, kwani sheria iliyomfukuza kijijini inatawala mjini vilevile. Mwisho wa kisa hatuusimulii hapa, ili asiyeiona filamu asinyimwe haki yake.

Sehemu ya Alias imechezwa na Hamisi Bazili, ambaye mwenyewe ni mtu mwenye ualbino, na Kosmos amechezwa na James Gayo. Uamuzi wa kumweka mbele ya kamera mtu anayelijua jambo kwa ngozi yake ni wa kwanza kati ya maamuzi ya mwongozaji tunayopaswa kuyasifu. Uso wa Bazili haueleweki upesi. Huwezi kuusoma na kusema, sasa anaogopa, sasa amefurahi. Kijana huyu anaficha mambo yake, kama anavyofanya kila mtu anayejua kwamba anatazamwa daima.

Fani: macho ya nani?

Mtazamaji aliyezoea filamu za kawaida atapata taabu katika nusu saa ya kwanza. Kamera imeshikwa mkononi na haitulii. Inamkaribia mtu mpaka uso wake unaijaza picha, kisha inateleza pembeni kabla hatujaridhika. Picha nyingine hazieleweki vema; sauti inatufikia kabla hatujamwona anayesema; matukio hayaunganishwi kwa maelezo. Deshe mwenyewe alishiriki kuipiga picha filamu yake na kuitungia muziki, na mkono wake unaonekana mahali pote. Wako watakaosema kwamba huu ni uzembe, au ni mbwembwe za wasanii wa Ulaya.

Sisi twaona vingine. Ualbino hauigusi ngozi peke yake. Watu wengi wenye hali hiyo wana uoni hafifu. Mboni zao hutikisika, mwanga mkali huwaumiza, na kitu kilicho mbali huwa hakina mipaka iliyo wazi. Deshe hakutupa kamera inayomtazama Alias kwa mbali. Ametupa kamera inayoona kama Alias. Hatumwoni mwindaji kwa ukamilifu kwa sababu naye hamwoni. Tunasikia hatua za miguu usiku na hatujui ni za jirani au ni za muuaji, kwa sababu naye hajui. Fani hapa si pambo la maudhui. Fani ndiyo hoja yenyewe. Mwongozaji hakutuketisha miongoni mwa watazamaji, ametupeleka upande wa anayewindwa.

Tazama pia bidhaa anazouza kijana huyu. Mtoto ambaye jua ni adui wa macho yake anatembea juani kutwa akiwauzia wengine miwani ya jua. Hakuna mhusika anayelitolea jambo hilo maelezo. Vivyo hivyo jina lake: Alias, neno la Kilatini linalotumika panapotajwa jina la pili la mtu, hasa la kujifichia. Kijana anaishi chini ya jina ambalo kwa maana yake si jina. Hatujui kama msanii alikusudia yote tunayoyasoma humo. Lakini tulipoliwaza jina hilo tulikumbuka ni mara ngapi katika vijiji vyetu mtoto wa namna hii huitwa kwa rangi yake, au kwa lile neno la zamani ambalo hatupendi kulirudia, wakati jina alilopewa na wazazi limesahauliwa.

Ungamo fupi

Hapa tunalazimika kusema jambo linalotuhusu wenyewe. Miaka kadhaa iliyopita, katika usharika mmoja, tulihubiri juu ya Mwanzo 1:27, kwamba mwanadamu aliumbwa kwa mfano wa Mungu. Ili kuyapa mahubiri nguvu, tuliwataja watu wenye ualbino na mateso yao. Tuliona kwamba tumenena vema. Lakini kwenye benchi la nyuma alikuwako binti mwenye ualbino, amejifunika kanga kichwani. Tulipotamka maneno yale usharika mzima uligeuka kumtazama. Binti aliinamisha kichwa, na hakukiinua mpaka wimbo wa mwisho.

Mahubiri yetu yalikuwa ya kweli kwa maneno, na yalikuwa ya uongo kwa mahali tulipokuwa tumesimama. Tulimtetea kwa kumfanya mfano. Hatukujua jina lake, wala hatukuliuliza siku ile. Tulipoiona Kivuli Cheupe tulitambua kosa lile, kwa sababu filamu hii haigeuki kumtazama mtoto. Inakaa naye kwenye benchi la nyuma, na kutoka huko inatutazama sisi.

Maudhui: mtu mwenye bei

Filamu hii tuliitazama Bariadi, jioni moja, katika ofisi ya usharika, kwenye kompyuta iliyowekwa juu ya meza. Tulikuwa watu saba, na miongoni mwetu alikuwamo mama mmoja mzee wa kanisa, mkulima wa pamba, ambaye alitazama kimya tangu mwanzo mpaka mwisho. Wengine walipoanza kujadili ushirikina na giza la wasioamini, mama huyo aliuliza, "Baba Mchungaji, mganga nimemsikia, na vijana wa mapanga nimewasikia. Mnunuzi je? Mbona mnunuzi simwoni?"

Swali hilo ndilo kiini cha filamu. Mwaka 2009 Shirikisho la Kimataifa la Vyama vya Msalaba Mwekundu na Hilali Nyekundu lilitoa ripoti iliyotaja kwamba viungo vyote vya mtu mmoja viliweza kufikia dola 75,000 za Marekani. Msomaji apige hesabu. Mkulima wa Itilima au Meatu anayengoja bei ya pamba itangazwe hawezi kuwa na fedha hiyo, hata akikusanya mavuno ya miaka mingi. Maana yake ni kwamba anayekata ni maskini, anayeelekeza ni mpiga ramli, lakini anayelipa ni mtu mwenye mali anayetaka kuiongeza, au mwenye cheo anayetaka kukipata. Huyo hashiki panga. Yawezekana anavaa suti, na yawezekana siku ya mavuno sadaka yake ni nene.

Deshe amelijua jambo hili. Ulimwengu anaouchora ni wa soko. Kila mtu anauza kitu, kila mtu anadaiwa, na Kosmos, ambaye si mtu mbaya, anaishi katika hali ambayo kila kilichomo nyumbani lazima kigeuzwe kuwa fedha. Hofu yetu kubwa tukitazama si kwamba mgeni atamvamia Alias. Tunaogopa kwamba walio karibu naye watachoka kuwa maskini. Hofu hiyo si ya kubuni. Mwaka 2024, mtoto wa miaka miwili mwenye ualbino aliuawa mkoani Kagera, na miongoni mwa walioshtakiwa walikuwamo baba mzazi wa mtoto na padri. Hatulitaji jambo hili ili kulinyoshea kidole Kanisa jingine, wala hatuwahukumu washtakiwa badala ya mahakama. Twalitaja kwa sababu linatuondolea faraja ya kudhani kwamba uovu huu unakaa nje ya uzio wetu.

Luther, alipoieleza amri ya kwanza, alifundisha kwamba mungu wa mtu ni kile ambacho moyo wake umekitegemea. Kwa kipimo hicho, mauaji haya hayawezi kuitwa mabaki ya dini ya zamani tu. Ni ibada ya mali iliyovaa mavazi ya uganga. Mhubiri anayekemea hirizi na kunyamaza juu ya tamaa amepiga kivuli na kumwacha mwenye kivuli.

Kadhalika, katika mjadala wa Heidelberg wa mwaka 1518, Luther alitofautisha teolojia ya utukufu na teolojia ya msalaba. Ile ya kwanza huita baya jema na jema baya. Ya pili hukiita kitu kama kilivyo. Deshe si mwanateolojia, wala filamu yake haihubiri. Lakini kwa njia yake mwenyewe amefanya kazi hiyo ya pili. Hakukimbilia kutufariji. Hakumfanya Alias malaika, kwani kijana huyu anadanganya, anatamani, anakasirika kama vijana wote. Amekataa pia kumfanya kitu cha kuonewa huruma. Amesema tu kwamba huyu ni mtu, na watu wanamwinda kwa ajili ya fedha.

Mapungufu

Haitakuwa haki tukiisifu kazi hii bila kueleza inapopungua.

Kwanza, msanii ni mgeni, na ugeni wake unaonekana. Giza limezidi. Mtazamaji asiyeijua nchi yetu ataondoka akidhani kwamba hakuna nyumba ambako mtoto mwenye ualbino analelewa kwa upendo, wala jirani anayelala mlangoni ili kumlinda. Nyumba hizo zipo, na majirani hao tunawajua. Chama cha Albino Tanzania kilianzishwa mwaka 1978, miaka mingi kabla wanahabari wa nje hawajaja. Mwaka 2010 wananchi wa Lindi Mjini walimchagua Salum Bar'wani, mtu mwenye ualbino, kuwa mbunge wao. Sehemu hii ya ukweli haimo katika filamu.

Pili, filamu haitofautishi mganga na mchawi. Msukuma wa Bariadi anajua kwamba bafumu si balogi: wa kwanza hutafutwa mchana ili kuponya, wa pili huogopwa usiku kwa kudhuru. Ni kweli kwamba wapo bafumu waliogeuka kuwa wafanyabiashara wa damu, na serikali ilipowapiga marufuku wapiga ramli mwaka 2015 haikufanya hivyo bure. Lakini tofauti ile ikifutwa, tunapoteza silaha muhimu. Mzee wa Kisukuma anayesema kwamba kuua mtu kwa ajili ya dawa si uganga bali ni uchawi, anaweza kusikilizwa mahali ambapo mchungaji hasikilizwi. Filamu haikumpa mzee huyo nafasi ya kusema.

Tatu, kwa kukaa karibu mno na uso mmoja, kamera inashindwa kulijibu swali la mama yetu. Mnunuzi anabaki nje ya picha. Yawezekana ndivyo alivyo katika maisha, lakini msanii angeweza kutuonesha walau kivuli chake.

Hapa yafaa kuilinganisha kazi hii na filamu nyingine ya miaka ileile, In the Shadow of the Sun ya Harry Freeland, iliyotoka mwaka 2012. Hiyo si ya kubuni. Inamfuata Josephat Torner, mwanaharakati mwenye ualbino, anayekwenda vijijini katika ukanda wa Ziwa na kuzungumza na watu uso kwa uso. Kwa Freeland kamera imetulia, na mwenye ualbino ndiye anayeuliza maswali. Kwa Deshe kamera inakimbia, na mwenye ualbino hana wa kumwuliza. Filamu hizi mbili zinahitajiana: moja inatupa sauti ya mtu anayesimama, nyingine inatupa pumzi ya mtu anayekimbia. Mchungaji atakayeziona zote mbili atakuwa amefaidika kuliko atakayeiona moja.

Kuhusu Deshe mwenyewe, mwelekeo wake umezidi kuonekana. Filamu yake Xoftex, iliyotoka mwaka 2024, inawahusu wakimbizi wanaongoja hatima yao katika kambi nchini Ugiriki. Mahali na lugha ni vingine, lakini dhamira inafanana: mtu ambaye wengine wameshika thamani ya maisha yake mikononi mwao, naye hana pa kwenda. Msanii huyu amechagua upande wa kusimama, na hajauacha.

Hitimisho

Twaweza kujifunza nini sisi wa madhabahuni? Twaona mambo matatu.

La kwanza ni juu ya amri ya tano. Katekisimo Ndogo haitosheki na mtu ambaye hajaua. Inamdai pia amsaidie jirani katika mahitaji yote ya mwili. Kwa Bariadi, penye mashamba ya pamba na jua lisilo na huruma, hitaji hilo lina sura iliyo wazi. Saratani ya ngozi huwaondoa watu wenye ualbino kimyakimya. Kofia pana, nguo ya mikono mirefu, miwani, na mafuta ya kukinga jua kama yale ya Kilisun yaliyoanzia KCMC, Moshi, ni tafsiri halali ya amri hiyo. Usharika unaoweza kununua vipaza sauti hauwezi kusema umeshindwa kununua kofia.

La pili ni juu ya mahubiri. Tumhubirie mnunuzi. Tuwaambie wenye mali waliomo makanisani mwetu, bila kumung'unya maneno, kwamba utajiri unaotafutwa kwa mwili wa jirani ni ibada ya sanamu. Na kila tunapoombea mafanikio ya biashara za washarika tuangalie tusije tukabariki soko lilelile.

La tatu ni juu ya mahali tunaposimama. Kanisa la Kiinjili la Kilutheri humwita mtu kwa jina lake kwenye kisima cha ubatizo, mbele ya mashahidi, na jina hilo huandikwa kitabuni. Mtu aliyebatizwa hana haja ya kuishi kama Alias. Lakini jina lililoandikwa na kusahauliwa halimlindi mtu yeyote.

Tulirudi katika usharika ule. Tulifungua kitabu cha ubatizo tukamtafuta yule binti wa benchi la nyuma, na jina lake tukalikuta limeandikwa kwa mwandiko wa mchungaji aliyekwisha kustaafu. Tulikwenda kwao, tukamwita kwa jina hilo, tukaomba radhi. Alitusikiliza, akasema kwamba siku ile alitamani mahubiri yaishe upesi. Kisha akatuuliza kama tunaweza kumsaidia kupata kitabu cha nyimbo chenye maandishi makubwa, kwa sababu kile cha kawaida hakioni vema, na kwa miaka yote hiyo amekuwa akiimba kwa kusikiliza wengine.

Hatukuwahi kulifikiria hilo. Kitabu tumekipata.